Stelingi Yuko Wapi? Filamu Fupi za Majaribio kwa Sikio la Mshairi

Kazi inayonilisha ni kupiga na kuhariri video za harusi hapa Tanga. Jumamosi moja projekta haikuwa na kazi, basi nikatundika shuka jeupe uani kwetu Ngamiani na kuwaita majirani tutazame filamu fupi tatu. Akina mama walikuja na viti vyao, watoto wakajaa mkekani mbele, na jirani yetu mmoja, mzee mstaafu wa mashamba ya mkonge, akaletewa kiti karibu na mlango. Mzee huyu ni mtu wa mashairi. Ana madaftari matatu yaliyojaa mwandiko wake, na beti za malumbano aliyoyasikia redioni ujanani bado anazighani bila kutazama popote.

Filamu ya kwanza ikaisha. Mwanamke alikuwa amepanda ngazi, ufunguo ukamponyoka, akapanda tena, ufunguo ukageuka kisu, akajiona mwenyewe dirishani akija. Uani kimya. Mzee akakohoa kidogo, akaniita.

"Mwanangu, picha zake safi. Sasa stelingi yuko wapi?"

Swali hilo ni la haki na linastahili jibu refu. Sisi tuliokulia kwenye vibanda umiza tunajua filamu inavyokwenda: stelingi anaonewa mwanzoni, anateseka katikati, mwisho analipiza. Stelingi hafi. Filamu za Kihindi zilitufundisha hivyo, za makarate zikakazia, na Bongo Movie nyingi zimefuata njia hiyohiyo. Kwa hiyo mtu akiwekewa filamu ya dakika kumi na nne isiyo na kisa cha kufuata, anahisi ameibiwa, au anahisi yeye ndiye hana akili ya kuelewa. Hisia hizo mbili zote zinaniuma, kwa sababu mzee yuleyule ukimsomea shairi hakuulizi stelingi yuko wapi. Anakuuliza vina vimekaaje, mizani imetimia, fumbo limeelekea wapi. Chombo cha kutazamia filamu hizi anacho tangu ujana wake. Hakuna aliyemwambia akitoe.

Kwanza tuliweke sawa hili neno "majaribio", maana linapotosha. Kwetu jaribio ni mtihani wa katikati ya muhula, kwa hiyo mtu akisikia filamu ya majaribio anadhani ni kazi ya mwanafunzi, haijaiva. Sivyo. Kinachojaribiwa ni filamu yenyewe: je, inaweza kusimama bila kisa? Bila mwigizaji? Bila sauti? Mwaka 1963 Mmarekani Stan Brakhage aliuliza, je, bila hata kamera? Aliokota mabawa ya nondo, wale wadudu wanaozunguka taa usiku mpaka wakafa, pamoja na petali za maua na majani, akavipanga kati ya vipande viwili vya utepe mwangavu, kisha mkanda huo ukachapwa na kupitishwa kwenye projekta ya milimita 16. Kwa dakika chache mabawa yale yanapigapiga kiooni kana kwamba roho imerudi. Ukiwahi kufagia kumbikumbi chini ya taa asubuhi baada ya mvua, unajua alikuwa ameshika nini mkononi. Hiyo ni kazi iliyokamilika kabisa.

Sasa turudi kwa yule mwanamke wa ngazi. Filamu ile ni "Meshes of the Afternoon" ya mwaka 1943. Ilitengenezwa Los Angeles na Maya Deren, mzaliwa wa Kiev aliyehamia Marekani utotoni, pamoja na mumewe Alexander Hammid. Deren ndiye anayeonekana kwenye picha. Kabla hajashika kamera alikuwa mtu wa mashairi: tasnifu yake ya shahada ya pili, mwaka 1939, ilihusu ushairi. Na ndiye aliyelieleza jambo hili kwa namna ambayo mpaka leo sijaona iliyo wazi zaidi.

Oktoba 1953, huko New York, uliitishwa mjadala kuhusu ushairi na filamu. Deren alikaa meza moja na mwandishi wa tamthilia Arthur Miller na mshairi Dylan Thomas. Alisema mchezo wa kuigiza unakwenda kwa mlalo: tukio hili linazaa lile, lile linazaa jingine, mtazamaji anasonga mbele. Ushairi unakwenda kwa wima: unasimama kwenye tukio moja na kulichimba, linahisije, limebeba nini chini yake. Alitoa mfano wa Shakespeare, kwamba ndani ya tamthilia inayosonga mbele kuna mahali mhusika anasimama peke yake na kusema yaliyo moyoni. Pale kisa kinangoja na ushairi unashuka chini. Dylan Thomas, mshairi mkubwa, alimfanyia mzaha na ukumbi ukacheka. Nimesoma yaliyosemwa siku ile zaidi ya mara moja, na kila mara naona mwenye hoja alikuwa Deren.

Wima na mlalo vinaweza kusikika kama hesabu, kwa hiyo nijaribu kwa lugha ya nyumbani. Chukua mishororo hii miwili, nimeitunga kwa ajili ya makala hii tu:

Mvua yagonga bati, upepo wavuma kweli,
Mama mlangoni kati, asikiliza la mbali.

Kisa chake ni nini? Hakuna. Mvua inanyesha, mama amesimama mlangoni. Ukiisoma kwa mlalo utauliza "halafu?" na hutapata kitu. Ukiisoma kwa wima, maswali yanageuka. Kwa nini mlangoni kati, si ndani wala nje? La mbali ni lipi: ngalawa ya mumewe, gari la mwanawe, au sauti aliyoisikia zamani usiku kama huu? Hakuna kilichosogea, ila sisi tumeshuka.

Mwaka 1929 Mholanzi Joris Ivens, na mwenzake Mannus Franken, walitoa filamu ya dakika kama kumi na mbili kuhusu mvua ikinyesha Amsterdam. Mtu anainua kiganja hewani, miavuli inafunguka, maji yanachora duara kwenye mfereji, vioo vya tramu vinatokwa machozi. Basi. Mtazamaji anaona manyunyu ya alasiri moja, kumbe Ivens alikusanya picha zile kwa miezi. Hii ilikuwa filamu ya pili usiku ule, na hapo akina mama walianza kuongea. Mmoja alisema, "Hapo sasa nguo ziko kambani." Hakuna kamba wala nguo kwenye picha ile. Alikuwa ameshashuka.

Lakini ramani ya Deren ikifika pwani yetu inahitaji kurekebishwa kidogo, na sijaona mtu akilisema hili. Alizungumza kana kwamba ushairi wote ni wa wima. Sisi tuna tenzi. Utenzi una mishororo mifupi ya mizani minane, na kazi yake kubwa ni kusimulia: vita, maisha ya mitume, wasia wa mama kwa binti. Utenzi unakwenda mlalo hasa, beti mia kwa mia. Kwa hiyo mtu wa Tanga akiambiwa "filamu hii ni ushairi" ana haki ya kuuliza, ushairi gani? Jibu langu ni kwamba filamu ndefu ya kawaida iko karibu na utenzi. Filamu fupi ya majaribio iko karibu na shairi la beti tatu au nne, lile linaloshika jambo moja na kulizungusha mpaka lionyeshe pande zake zote. Ndiyo maana ni fupi. Ukilinyoosha shairi la beti nne likafika beti mia bila kuongeza kisa, litakatika.

Shairi lina viungo, na filamu hizi nazo zina vyake. Kiungo ninachokipenda kuliko vyote ni kina.

Filamu ya tatu usiku ule ilikuwa yangu, ya dakika mbili na sekunde arobaini, niliyoipiga kwa simu. Inaanza kwenye shamba la mkonge njia ya Muheza. Singa zimetoka kwenye korona, ile mashine ya kukwangua majani, zimeoshwa na kuanikwa juani kwenye waya, mistari na mistari, nyeupe zenye umanjano kwa mbali. Upepo unapita, zinapinda zote kwa pamoja na kurudi. Nimekaa hapo sekunde kumi na moja. Kisha inakuja picha ya nywele za bibi yangu, nyeupe zenye umanjano uleule, zikichanwa na mjukuu kwenye kibaraza. Chanuo linashuka polepole kwa mwendo uleule wa upepo. Kisha kamba ya nanga ya ngalawa kule Sahare, imechakaa, nyuzi zimeachana.

Singa, nywele, kamba. Hakuna anayesema neno. Lakini jicho linasikia kina, kama sikio linavyosikia "bati" likijibiwa na "kati". Herufi za mwisho ndizo zinazofanana kwenye shairi. Hapa kinachofanana ni rangi, umbo na mwendo. Na kina kizuri, kama malenga wote wajuavyo, hakipambi tu. Kinayalazimisha maneno mawili yasiyo ndugu yakae jirani, na ule ujirani unazaa maana ya tatu. Warusi walilitambua hili kwenye filamu karibu miaka mia iliyopita. Inasimuliwa kwamba Lev Kuleshov aliunganisha uso uleule wa mwigizaji, usiobadilika, mara na bakuli la supu, mara na jeneza, na watazamaji wakasifu jinsi mwigizaji alivyoonyesha njaa na jinsi alivyoonyesha huzuni. Uso haukuonyesha kitu. Maana ilizaliwa kwenye kiungio.

Angalia pia nilichokiacha nje. Makala ya televisheni kuhusu mkonge ingeanza kwa kusema kwamba uliletwa mwaka 1893 na Mjerumani Richard Hindorf, ukaifanya Tanga kuwa mkoa wa mashamba na reli, na kwamba wafanyakazi walitoka mikoa mingi. Yote ni kweli, na ni vizuri watoto wayajue. Shairi la picha halikuambii hayo. Linakuwekea singa karibu na mvi za mwanamke aliyezeeka, na linakuamini.

Kibwagizo nacho kipo, na ndicho kilichomchanganya mzee kwenye filamu ya Deren. Ufunguo unadondoka, mwanamke anapanda, kisu, simu iliyotolewa mahali pake, dirisha. Kisha ufunguo tena. Aliyezoea kisa anaona mhariri amekosea, amerudia. Aliyezoea shairi anajua kwamba mshororo wa mwisho hurudi kila ubeti, na kila unaporudi umebadilika uzito kwa sababu ya yaliyopita juu yake. Ufunguo wa mara ya kwanza ni ufunguo tu. Ukirudi, umeshaona kisu, na mkono ukiushika tumbo lako linakaza. Kwenye harusi mimi mwenyewe hufanya hivi bila kulipa jina: narudisha mkono wa biharusi wenye hina baada ya kila tukio, na mwisho mkono ule ukipungia gari, mama mtu analia.

Mizani nitaieleza kwa ufupi. Filamu ya mkanda hupita fremu 24 kwa sekunde, kwa hiyo mtunzi anaweza kuzihesabu kama malenga anavyohesabu silabi kwa vidole. Mwaustria Peter Kubelka alifanya hivyo kwa ukali kuliko wote. Mwaka 1960 alitoa filamu ya dakika sita na ushei yenye fremu nyeusi na nyeupe tu, kelele na kimya tu, vilivyopangwa kwa hesabu kamili. Hakuna picha ya kitu chochote. Sikuionyesha uani, maana mwanga ule unaopigapiga unaweza kumdhuru mwenye kifafa. Lakini ni vizuri kujua kwamba yupo mtu aliyeondoa maneno yote kwenye shairi akabakiza mizani, na kitu bado kikabaki.

Hapa kuna mtego ambao vijana wengi wanaoniletea klipu zao huingia. Wanadhani filamu ya kishairi ni kusoma shairi juu ya picha. Shairi likitaja bahari, wanaonyesha bahari. Likitaja machozi, wanaonyesha mtu analia. Hapo picha imekuwa mtumwa wa neno, na neno halikumhitaji mtumwa. Wa kujifunza kwake ni Forough Farrokhzad, mshairi wa Iran, aliyetengeneza mwaka 1962 filamu ya dakika kama ishirini ndani ya makazi ya watu wenye ukoma karibu na Tabriz. Ndiyo filamu yake pekee. Sauti yake inasoma maneno yenye mwendo wa dua, na chini yake tunaona nyuso ambazo ugonjwa umezila, watoto wakicheza mpira, mwanamke akijipaka wanja. Maneno hayaelezi picha na picha hazielezi maneno. Vinatembea sambamba, na katikati yao pana nafasi ya mtazamaji kuingia. Kuna mahali, darasani, mwanafunzi anaitwa ubaoni atunge sentensi yenye neno "nyumba". Anasita muda mrefu. Kisha anaandika: nyumba ni nyeusi. Niliposoma tafsiri ya sentensi ile mara ya kwanza ilibidi nisimamishe kompyuta nitoke nje.

Mtego wa pili ni wa watazamaji. Tukishaambiwa kuna fumbo, tunaingia kwenye kitendawili. Kitendawili! Tega! Na tukishindwa tunasema haya, chukua mji, tupe jibu. Wengi hunifuata baada ya maonyesho: kisu maana yake nini? Yule mtu mwenye joho jeusi na uso wa kioo ni nani? Wanataka kunipa mji. Lakini kitendawili kina jibu moja, na ukilipata kimekwisha. Shairi zuri ukilifumbua leo, kesho linafumba upande mwingine. Kioo kile mahali pa uso, mimi nikiwa na miaka ishirini nilikiona kifo. Baada ya kumzika mama yangu nilikiona kitu kingine kabisa. Deren angekuwa hai nisingemuuliza.

Na tusidhani ugomvi huu ni wa filamu peke yake, au wa Wazungu. Sisi tumeshaupigana kwenye ushairi wenyewe. Mwaka 1954 Amri Abedi aliandika sheria za kutunga mashairi, vina na mizani vikawekwa wazi. Mwaka 1974 Euphrase Kezilahabi akatoa diwani ya mashairi yasiyofuata vina wala mizani, na malenga wengi wakasema hayo si mashairi, ni nathari iliyokatwakatwa. Ubishi ukaendelea kwa miaka. Nimesoma pande zote mbili kwa heshima, nami ni mtoto wa mkoa alikozaliwa na kuzikwa Shaaban Robert, kwa hiyo vina ninavyo damuni. Ninachokiona ni kwamba shairi huru lililo zuri halikutupa utaratibu. Lilitupa ule uliozoeleka, likajibebesha kazi ngumu zaidi ya kujitafutia wake. Filamu ya majaribio iko vivyo hivyo. Aliyeondoa kisa amejinyima kile kinachomshika mtazamaji kwenye kiti, na lazima alipe kwa kina, kwa kibwagizo, kwa mizani, kwa kitu. Asipolipa, nitakuwa wa kwanza kukubali kwamba ametupotezea muda. Zipo nyingi za namna hiyo, na kuziita za kishairi ni kuwaonea washairi.

Wiki mbili baadaye mzee alipita dukani kwangu. Nikamwamkia, akaitikia, akaketi.

"Ile yako fupi. Niwekee tena."

Nikamwekea kwenye kompyuta. Akaitazama akiwa ameinamia kioo, mkono mmoja nyuma ya sikio. Nywele za bibi zilipoanza kuchanwa alininyooshea kidole niisimamishe.

"Hii sauti ya nyuma ni korona."

Kweli. Nilikuwa nimeiacha ngurumo ya mashine iendelee, chini sana, wakati bibi anachanwa. Kati ya watu wote wa uani, hakuna aliyekuwa ameitambua. Yeye alifanya kazi kando ya mashine ile miaka ishirini na minne. Alikaa kimya kitambo, macho kwenye mvi za bibi.

"Vina vyako viwili vimekaa," akasema hatimaye. "Cha tatu bado. Kamba umeileta mapema. Mwache mtoto amalize kumchana bibi yake kwanza, chanuo lifike chini, ndipo ulete kamba."

Nikaisogeza kamba kwa sekunde nne. Tukaitazama tena.